Saikolojia ya Baada ya Kahawa

Ukifika nyumbani kwa mtu mzima hapa Ibra, bara ya Oman, kalamu iache ndani ya gari. Tableti pia. Ukiona mkono unawasha kwa hamu ya kuandika, upe tende.

Nimeanza na hilo kwa sababu ndilo nililochelewa zaidi kulijua, na nyinyi mnaanza kazi mwezi ujao na mmeniomba nikuandikieni "uzoefu wa mstaafu". Neno mstaafu nimelikubali baada ya kulifikiria siku mbili. Nina miaka thelathini na tatu na magoti mazima, lakini mkataba wangu kwenye kituo cha huduma za wazee umekwisha, haukuongezwa, na barua ya shukrani inaniita "mmoja wa waanzilishi". Mtu akishaitwa mwanzilishi ajue meza yake imeshapewa mwengine. Meza hiyo ni ya mmoja wenu. Droo ya chini haifunguki, usihangaike nayo.

Kazi mtakayoikuta ni kupima raha ya wazee. Ndiyo, inapimwa. Dodoso lilizaliwa nchi ya baridi, likapita Maskati likavishwa Kiarabu fasaha, kisha likaletwa kwetu. Na kwa kuwa wazee wetu waliozaliwa Unguja na Pemba husema ya dukani kwa Kiarabu na ya moyoni kwa Kiswahili, nikaajiriwa mimi, msichana mwenye shahada ya saikolojia aliyelelewa na bibi wa Wete, nilivishe na Kiswahili. Niliifanya kazi hiyo kwa hofu kubwa. Asubuhi nzima niliimaliza nikijiuliza kama "mara chache" ni chache kuliko "mara moja moja". Nikampigia simu mama anisaidie, naye akaniuliza nimekula nini.

Basi tukaanza kuingia majumbani. Nakaa juu ya zulia, tableti juu ya paja, nasoma: "Katika wiki mbili zilizopita, ni siku ngapi umejihisi huna matumaini? Kila siku, siku nyingi, siku chache, au hapana kabisa?" Bibi ananitazama kwa huruma, kama anavyotazamwa mtoto wa jirani aliyetumwa ujumbe wa ajabu, kisha anajibu alhamdulillah.

Hakuna kisanduku cha alhamdulillah. Lakini mshauri aliyetuletea dodoso, bwana mwenye suti na kompyuta nyembamba kuliko chapati zangu, aliliona tatizo hilo kabla yetu akatuachia mwongozo. Alhamdulillah: hesabu kama "hapana kabisa". Inshallah: hesabu kama "ndiyo". Kheri: hesabu kama "ndiyo, sana". Mzee akinyamaza: rudia swali kwa sauti kubwa zaidi.

Matokeo yakatoka. Wazee wa Kiswahili wa Ibra walikuwa na raha kupita wazee wote waliowahi kupimwa kwa dodoso lile. Hapakuwa na mwenye huzuni, hapakuwa na mpweke, hapakuwa na hata mmoja aliyewahi kukosa usingizi. Chati ilikuwa ukuta mmoja wa rangi ya kijani. Mkurugenzi wetu, Ustadh Nasser, ambaye wazazi wake walitoka Kigoma na ambaye Kiswahili chake kimejaa riporti na bajeti, aliitundika ofisini mwake karibu na picha ya ngamia. Alisema watu wakiwa na raha kiasi hiki, huenda safari za kuwatembelea zikapunguzwa. Petroli nayo haianguki kutoka mbinguni. Mimi nilijaribu kusema kwamba bibi mmoja alilia wakati anajibu alhamdulillah. Akaniuliza kama dodoso lina swali la machozi.

Mmoja wa hao wenye raha alikuwa Bi Zuwena. Mjueni mapema, maana habari hii ni yake. Ni mjane, mzaliwa wa Malindi, Unguja, aliyeletwa Oman angali msichana. Ana macho makali na chumba cha mbele ambamo kila asubuhi wanawake wa mtaani wanaozungumza Kiswahili hukusanyika kunywa kahawa na kuwasema watu kwa adabu. Mwanawe, Saud, anafanya kazi Maskati. Ni mtoto mwema, anampigia simu kila siku, na alikuwa anataka kumhamishia kwake. Ghorofa ina lifti, hospitali iko karibu, na Saud mwenyewe angepata kulala kwa amani. Dodoso letu lilikuwa na swali la jambo hilo: "Je, ungependa kuishi pamoja na watoto wako?" Bi Zuwena alijibu, "Inshallah, kheri." Tableti ikahesabu ndiyo, kisha ndiyo sana. Riporti ikaenda kwa Saud ikiwa na nembo ya kituo. Saud akashukuru, akakipaka rangi chumba kimoja, akapanga kuja kumchukua mama yake baada ya Idi.

Wakati huo ndipo alipoletwa Dokta Ligaya. Alikuwa mwanasaikolojia wa hospitali, Mfilipino, mwanamke wa makamo mwenye raba nyeupe, asiyejua kuendesha gari na asiyekubali kwamba hajui njia. Ustadh Nasser alimtambulisha kama mtaalamu wa kimataifa na akampeleka moja kwa moja mbele ya ile chati aibariki. Dokta Ligaya aliitazama kwa muda. Akauliza kama watu wote hawa walisema hawajambo. Akaambiwa wote.

"Kwetu pia wote hawajambo," alisema, "mpaka uondoe karatasi."

Ustadh Nasser alicheka kwa heshima. Hakumwita tena kwenye mikutano ya chati.

Darasa langu lote la saikolojia ya Kifilipino nililipata ndani ya gari, kwenye barabara ya Ibra na Bidiya, yeye akila maembe mabichi kwa chumvi na mimi nikiogopa malori. Tulizungumza Kiingereza kilichochanganyika na Kiarabu cha hospitali. Alinihadithia kwamba kwao, vizazi kwa vizazi, walisomeshwa saikolojia ya Wamarekani kwa Kiingereza. Wataalamu wa nje walikuwa wamekwenda huko wakasikia maneno mawili matatu ya watu, moja la haya, moja la deni la hisani, moja la kuendana na wenzako, wakayachuma kama majani na kuandika kwamba mti wenyewe ndio huu: Wafilipino ni watu wa haya na madeni, hawajui kusema hapana. Kisha Wafilipino wakafundishwa hayo vyuoni kwao. Alisema mtu alikuwa anafanya mtihani juu ya mama yake mzazi na anafeli.

Halafu mwalimu wao mmoja akarudi kutoka masomoni Amerika akaanza kulifundisha somo lile kwa lugha ya nyumbani. Wengine walimwona kituko. Yeye na wenzake wakauliza swali ambalo mtu angedhani limeshaulizwa zamani: mambo haya ya moyo, sisi wenyewe tunayaitaje? Walipofukua chini ya haya na hisani na kuendana, wakakuta neno kubwa zaidi, kapwa. Nililitafutia Kiswahili chake mpaka nikapitiliza njia ya Bidiya. Si mtu mwengine, maana mwengine yuko upande wa pili wa ukuta. Ni mwenzangu, lakini mwenzangu ambaye na mimi nimo ndani yake, nikimdharau nimejidharau. Bibi yangu angesema mtu ni watu, akaendelea kuchambua mchele. Mimi nilikuwa nimelipia chuo miaka minne bila kumsikia mhadhiri hata mmoja akisema hivyo, na jambo hilo lilinikosesha raha mpaka tukafika.

Msidhani Dokta Ligaya alikuwa mhubiri wa elimu ile. Yeye ni mtu wa Iloilo, mama yake hakusema lugha ya Manila ila akilazimishwa. Aliniambia hiyo saikolojia ya nyumbani nayo ilianza kwa lugha ya wakubwa wa mji mkuu. "Tumetoka duka la Mmarekani tukaingia duka la Manila. Bei nafuu kidogo, lakini bado ni duka." Alinionya pia nisiyabebe maneno ya kwao nikawabandika bibi zangu, kwa sababu hapo nitakuwa mshauri wa pili, bila suti. Nichukue njia tu, alisema, maneno nitayakuta hapa hapa.

Njia yenyewe ina jina refu ambalo nilimwomba alirudie, na nilipolisikia vizuri nikaona ni jamaa yetu wa karibu: kuuliza-uliza. Huulizi mara moja ukaondoka. Unauliza huku unasaidia kumenya vitunguu, unauliza mwengine, unarudi, unauliza tena kwa upande mwengine. Na sharti lake kubwa ni hili: usimuulize mtu swali ambalo yeye hana ruhusa ya kukuuliza wewe. Sharti hilo ndilo lililonitesa. Siku ya kwanza tuliyokwenda kwa Bi Zuwena bila tableti, hata sijakaa vizuri akaniuliza mbona sijaolewa. Mafunzo ya mshauri yalisema mhoji hajibu. Nikamtazama Dokta Ligaya, naye akaangalia dari. Basi nikajibu. Nilieleza hali ya uchumi, nikaeleza tabia za vijana wa siku hizi, nikaeleza mtu mmoja wa Sur ambaye sikupaswa kumtaja, nikarudi kwenye uchumi. Bi Zuwena aliweka finjani chini.

"Basi, mwanangu. Nimeuliza tu."

Jambo la vitendo kabla sijasahau: finjani ukitosheka itikise kidogo unapoirudisha, usiseme "asante inatosha" kama uko hotelini. Usiitikise mapema. Mwenye kutikisa baada ya finjani ya kwanza amekuja kwa haraka, na atajibiwa kwa haraka.

Sasa kosa letu. Tulikwenda nyumba hata nyumba kwa wiki kadhaa, mimi na Dokta, tunakunywa kahawa, tunauliza-uliza. Nyumba hii wanaishi nani? Watoto wake wana subira? Wanaelewana? Kuna maradhi ya ukoo? Hayo ndiyo maswali ya saikolojia. Lakini hapa Ibra kazi hiyo ilikuwa na wenyewe kabla hatujaja. Mwanamke akipita majumbani, akinywa kahawa taratibu, akiulizia tabia na maradhi ya watu, maana yake ni moja tu, kuna kijana anataka kuoa. Mtaa mzima ukajua, pasipo mtu kuuambia, kwamba kaka yangu Hamad, injinia kule Sur, anatafutiwa mke. Na Dokta Ligaya alikuwa daktari aliyeletwa kuwakagua wasichana.

Tuligundua taratibu mno. Kahawa ikawa inaletwa na mabinti waliovaa hariri saa tatu asubuhi. Halua ikaanza kuwa ya zafarani. Bi Rukia, jirani wa Bi Zuwena, alimkamata mjukuu wake Maryam mkono akamwekea Dokta mbele ya macho na kumwambia amtazame vizuri, damu anayo, na meno yote ni yake. Dokta, ambaye alidhani ni desturi, alimtazama na kusema mashallah. Bi Rukia akapiga kigelegele kifupi. Nami nikaandika moyoni kwamba jamii hii ina uwazi mkubwa juu ya afya.

Kisha Hamad akanipigia simu. Alizungumza kwa upole wa mtu anayejizuia. "Asya, kuna mwanamke simjui amenipigia akaniuliza kama nakoroma."

Siku ile ile Ustadh Nasser alituita. Alikuwa amepata habari msikitini kwamba kituo chake kinachagua bibi harusi kwa petroli ya ofisi. Alitaka kujua kama hilo limo kwenye bajeti, na kama halimo, kwa nini binti wa dada yake hakutembelewa.

Nilitaka kuacha kazi. Niliandika barua ya kuomba radhi kwa kila nyumba, nikazichana, nikaandika moja ya jumla, nikaona ya jumla ni dharau. Dokta Ligaya alicheka mpaka akalazimika kuvua miwani. Alipoivaa tena aliniuliza jambo ambalo sikuwa nimelifikiria, mimi ninayefikiria kila kitu. Aliuliza: wanapodhani ni ndoa, bado wanasema kila kitu ni salama?

Hawasemi. Nyinyi mmekua hapa, mnajua. Mtu wa kwetu ukimuuliza habari husema nzuri, hata kama jana alizika. Habari za nyumbani? Nzuri. Ila mzee hatunaye. Na watu wa Sharqiya, mkoa wetu huu, wana yao ya namna hiyo: mgeni akiingia huulizwa habari alizokuja nazo, naye husema hana, ni salama tupu, kahawa ipite, tende zipite, ndipo unaposikia kwamba ngamia kagongwa na gari na fulani kalazwa Sur. Ile salama ya kwanza si uongo. Ni kumkaribisha mwenzako kabla ya kumtwisha. Dodoso letu lilikuwa linauliza kwenye sehemu ya salama, likiisha tunafunga tableti tunashukuru, na ile "ila" inabaki na bibi wa watu peke yake kwenye zulia. Kumbe chati ya kijani ilikuwa rekodi ya maamkizi.

Lakini kwenye posa hali ni nyengine. Jirani akiulizwa nyumba ya fulani ni lazima aseme kweli, kwa sababu akificha na ndoa ikaharibika, dhima ni yake mbele ya Mungu. Kwa hiyo wiki zile zote watu walikuwa wametupa ukweli mtupu, na sisi tulidhani tunakula halua tu. Tulikaa ndani ya gari nje ya ofisi tukaanza kukumbuka nani alisema nini. Na mara nikamkumbuka Bi Rukia. Nilikuwa nimemuuliza habari za nyumba ya Bi Zuwena, naye, akidhani tunamwangalia mjukuu wa Bi Zuwena aliyeko Maskati, alijibu kwa uaminifu.

"Nyumba ya watu ile, huna la kuuliza. Ila mwenyewe siku hizi anagawa vyombo. Mimi kanipa dele lake la kahawa, la shaba. Bi Salma kapewa mbuzi ya nazi aliyokuja nayo kutoka Unguja. Mtu anayekwenda kwa mwanawe kwa raha, dele analimwachia nani?"

Dodoso, mkitaka kujua, lina swali juu ya hilo. "Je, hutoa vitu vyako kuwapa wengine?" Ukijibu ndiyo unapata alama za ukarimu. Bi Zuwena alipata zote.

Idi ilikuwa imeshapita. Saud alikuwa anakuja mwisho wa wiki kumchukua.

Jumamosi asubuhi tukaenda. Saud alikuwepo, kijana mnene mpole, ameketi karibu na mlango, simu kwenye goti moja na funguo za gari kwenye goti la pili. Alidhani tumekuja kuaga. Masanduku mawili yalikuwa ukumbini. Kahawa ilikuja ndani ya chupa ya chai, ile ya plastiki yenye maua. Dokta Ligaya aliiona chupa, akamwona na mwenye chupa, akapokea finjani kana kwamba kahawa siku zote hutoka humo. Mimi nilikuwa nimetayarisha maneno ya kufungua mazungumzo, ya njia tatu kulingana na hali. Kila nilipofungua mdomo Dokta alinigusa goti. Tukanywa. Hakuna aliyeuliza kitu. Nyinyi mtakaokaa kwenye kimya kama kile, hesabuni maua ya zulia.

Finjani ya tatu Dokta akaanza kusema, kwa kile Kiarabu chake cha wodini, nami nikawa namtilia Kiswahili. Hakuuliza. Alimhadithia Bi Zuwena habari za mama yake. Walimtoa kijijini wakampeleka kwa kaka yake Dokta huko Manila, ghorofa ya juu, wakamnunulia televisheni kubwa. Kila Jumapili akimpigia, mama husema hajambo. Alikuja kufa huko huko juu. Walipokwenda kuzika ndipo mlinzi wa jengo akawaambia hakuwahi kumwona yule bibi akiteremka. Lifti ilimtisha, na hakutaka kusumbua.

Bi Zuwena alimwambia pole, mwanangu, na akammiminia tena. Halafu akafunga kifuniko cha chupa, akamgeukia mwanawe.

"Saud."

"Labeka, mama."

"Uliponiuliza habari ya Maskati, uliniuliza umesimama pale mlangoni, funguo mkononi. Mtu akiniuliza kasimama, namjibu aende zake salama. Nikakwambia inshallah."

Saud aliziangalia funguo, akaziweka chini ya mto. "Sasa nimekaa, mama."

"Umekaa. Basi ngoja ninywe."

Alikunywa mpaka mwisho. "Mimi nishahamishwa mara moja. Nilikuwa mdogo kuliko huyu Asya. Nikaambiwa panda, nikapanda, nikasema kheri. Na kheri ikaja, simkufuru Mungu, nimempata baba yako, nimekupata wewe. Ila ilinichukua miaka kupata watu wa kunywa nao kahawa. Miaka hiyo sinayo tena."

Saud hakukubali pale pale, na msimwamini mtu anayekuhadithieni kazi hii akasema watu hukubali pale pale. Alitaja sukari ya mama yake, akataja ngazi za uani, akauliza ni nani atamsikia akianguka. Bi Zuwena alimwonyesha ukuta wa upande wa Bi Rukia kwa kidevu. "Huyo ananisikia nikipiga chafya, akaja kuniuliza nimekula nini." Saud akacheka bila kupenda, kisha akageuza uso kuangalia dirisha kwa muda. Jumamosi ya pili alikuja tena, akakaa. Na ya tatu. Mwisho wakapatana: miezi ya joto kali atakwenda Maskati kuona wajukuu, miezi iliyobaki atakaa kwake, na Maryam, yule mwenye damu na meno yote, atakuwa analala naye. Masanduku yalirudi chumbani. Dele la shaba nilitumwa mimi kulifuata, na Bi Rukia alilitoa huku akisema hajawahi kuona mtu anadai zawadi.

Nikarudi ofisini nirekebishe jibu. Hapa sikilizeni kwa makini, kwa sababu mfumo ni ule ule mtakaoukuta. Mfumo haukubali kubadilisha jibu la mteja ila kwa sababu mbili: mteja amefariki, au mteja amehamia wilaya nyengine. Nilimweleza Ustadh Nasser kwamba Bi Zuwena yu hai na yupo Ibra. Alifikiria kwa dhati, ni mtu mwema. Akasema kumwua mwanamke wa watu kwenye kompyuta ni fali mbaya, bora ahame. Akabonyeza. Tangu siku ile Bi Zuwena anaishi Maskati. Wenzetu wa huko waligonga mlango wa Saud, wakakuta chumba kilichopakwa rangi na hakuna mtu, wakaandika kwamba mteja ana matembezi mengi, dalili ya afya njema.

Mshauri wetu alirudi mwaka uliofuata. Alikuwa amesikia habari za kahawa. Akaiita Modeli ya Ibra, ikafanyiwa semina kwenye hoteli ya Maskati, kwa Kiingereza, na kahawa ya vikombe vya karatasi. Dodoso jipya, hilo mtakalofundishwa, lina hatua ya kahawa yenye dakika saba, na mwisho wake kuna kisanduku kinaitwa Ila, kinachopokea maneno ishirini. Mzee akinyamaza, tableti inalia. Dokta Ligaya aliombwa aweke saini yake kama mtaalamu. Alikataa kwa heshima nyingi hivi kwamba wakadhani amekubali, na jina lake limo. Siku hizi yuko Nizwa, hospitalini. Nilipomlalamikia kwenye simu alisema hata kwao ilikuwa hivyo, neno likishajengewa kisanduku, mtu anyanyuke akatafute jengine; akaniuliza kama maembe mabichi yameshaingia sokoni.

Kwa hiyo fundisheni mikono yenu hilo dodoso, maana mshahara uko humo, na lijazeni kwa hati nzuri. Lifanyeni asubuhi mapema, limalizike. Kisha nendeni kazini. Orodha ya majina mtakayopewa haina Bi Zuwena, na gari la ofisi halitakubaliwa kwenda kwa mtu aliyehama, basi tumieni lenu. Shukeni njia ya falaji, ule mfereji wa maji ya mashamba, piteni msikiti mdogo, ulizeni nyumba ya wanywaji kahawa, hata watoto wanaijua. Mkiulizwa mnamtafutia nani mke, semeni hamjui bado. Na msiende mikono mitupu. Miguu ya Bi Zuwena sasa haimfikishi soko la Jumatano, na anapenda zile ndizi fupi zilizoiva sana, ambazo Saud humkataza na Bi Rukia humletea.